Kisogo Mbele ya Baraza

3 Machi

Mjukuu wangu mkali,

Salamu zimekufikia, zipokee hata kama umenuna. Mimi mzima, isipokuwa goti la kushoto ambalo limejiuzulu bila kuandika barua. Baba yako mdogo hajambo, mkewe hajambo, na humu kwao kuna kochi lisiloruhusiwa kukaliwa mpaka aje mgeni. Mimi nakaa jikoni.

Sasa sikia. Kile kiwanda cha nguo kilichonifukuza mara mbili, kikanirudisha mara mbili, kisha kikanistaafisha kwa kunipa saa ya ukutani isiyotembea, kimenikumbuka! Kimetuma daktari na gari mpaka zahanati ya mtaani kwetu, ana karatasi yenye majina ya wafumaji wote wastaafu wa huku. Anapima masikio. Nikaingia kwa mbwembwe zangu zote. Kijana mwenyewe nadhifu, kanyoa ndevu mpaka anang'aa, mdomo wake unafunguka vizuri kama wa mtangazaji wa habari. Akaniketisha dirishani penye mwanga, akanikazia macho: Mzee, umeamkaje? Nikamwambia nimeamka kwa miguu, mikono ikafuata. Una watoto wangapi? Wanaojulikana ni watatu. Umefuma miaka mingapi? Thelathini na nne, na humo ndani kuna mwaka mmoja na nusu niliokuwa jela nikila bure.

Maswali kumi, majibu kumi. Nikamwongezea na langu la kumi na moja: wewe shule ulimaliza, au ulitoroka kama mimi? Alicheka mpaka kalamu ikamdondoka. Akaandika "anasikia vizuri kabisa", nami nikatia sahihi, ile ya kuviringisha.

Basi waambie hao wanaosema babu yako amechakaa. Na usinipigie tena simu. Simu ni ya watu wavivu. Mimi niliyeishia darasa la nne naandika, wewe uliyemaliza shule unashindwa nini?

Babu yako,
Kisiki
(niliyekaa langoni siku kumi na tisa wasining'oe)


10 Machi

Babu,

Shikamoo. Naanza na shikamoo kwa sababu ndivyo mlivyonilea, ila leo imetoka kwa shida.

Jana asubuhi tumekuta tangazo kwenye ubao wa langoni. Nalinakili: "Wastaafu thelathini na tisa wa ukumbi wa kufumia wamepimwa na daktari wa kampuni. Thelathini na saba wanasikia vizuri kabisa, akiwemo mwanzilishi wa chama cha wafanyakazi mwenyewe, aliyefuma miaka thelathini na nne. Ni wazi kwamba kelele za mitambo hazimdhuru mtu." Chini yake kuna picha yako. Unacheka, Babu. Meno yote matano nje.

Mwezi uliopita nilikupigia simu nikakueleza nusu saa nzima. Nilikwambia tumeipeleka kampuni kwenye baraza la usuluhishi wa kazi, na shauri ni tarehe 16 Aprili. Nilikwambia tunadai mitambo ifungiwe vifuniko vya kupunguza kelele, na sisi tuliopo kazini tupewe vizibo vya masikio. Tunadai pia nyinyi wazee mlioharibiwa masikio mlipwe fidia. Nilikwambia daktari akija usikubali akupime kwa maswali, dai mashine ya kupimia. Unajua ulinijibu nini? "Ndiyo mama. Sawasawa. Ubarikiwe."

Leo msimamizi amepita kwenye mtambo wangu, akashusha barakoa yake ili nimsikie vizuri, akasema: "Babu yenu kawauza mchana kweupe, tena kwa tabasamu." Wenzangu walinitazama. Mimi ndiye mwakilishi wao, na niliwaahidi kwamba wazee wetu ndio ushahidi wetu.

Kwa hiyo nauliza, na nisamehe kwa kuuliza. Walikupa nini?

Mjukuu wako


17 Machi

We mtoto,

Walinipa nini! Nimesoma swali lako, nikaenda kukaa kwenye lile kochi la wageni kwa hasira, na mama mwenye nyumba akaniangalia tu asithubutu kuniinua.

Waliwahi kunipa usimamizi, na ofisi yenye feni. Nikakataa. Waliwahi kunipa nyumba ya kampuni yenye bomba ndani. Nikakataa, na bibi yako akanichunia wiki nzima kwa ajili ya lile bomba. Vita vilipokuja wakaleta oda ya kitambaa cha magwanda, tukazima mitambo ukumbi mzima, tukasema hatufumi sanda za watoto wa wenzetu wala za kwetu. Wakatuita wasaliti wa taifa. Nikala mwaka mmoja na nusu ndani, na waliotuita wasaliti ndio walewale waliouza magwanda pande zote mbili. Usoshalisti mimi sikuusoma chuoni. Nilifundishwa na fundi wa boila, chini kule kwenye joto, aliyesema kiwanda ni cha wanaokitolea jasho. Alikufa akiamini hivyo, nami nitakufa nikiamini hivyo, ingawa kila serikali niliyoisikia ikisema neno hilo ilianza kwanza kwa kujitengenezea kiti kikubwa.

Na leo mtoto niliyemfundisha kufunga kamba za viatu ananiuliza walinipa nini. Walinipa maji ya chupa. Tena ya uvuguvugu!

Daktari aliuliza, nami nikajibu. Ulitaka nijifanye bubu? Na habari za hiyo simu yako sizikumbuki vizuri. Ulikuwa unaongea haraka mno.

Babu yako, ukitaka


24 Machi

Babu, shikamoo.

Nisamehe kwa lile swali. Nilipoiweka barua kwenye sanduku la posta tu nilijuta, nikatamani mkono wangu ungekuwa mrefu niichomoe.

Nimempigia Baba mdogo. Anasema unatazama habari kwenye televisheni sauti ikiwa imezimwa, kisha unamsimulia walichosema. Anasema wiki iliyopita sufuria kubwa ilianguka nyuma yako, paka akaruka, mkewe akapiga yowe, wewe ukaendelea kukata kucha. Anasema walidhani unawapuuza, kama ilivyo kawaida yako.

Nakuuliza jambo jingine, na safari hii ujibu bila mzaha. Unasikia? Kama husikii, ni tangu lini? Na ile nusu saa ya simu, ulikuwa ukijibu nini?

Mjukuu wako


31 Machi

Mjukuu wangu,

Umesema bila mzaha. Nitajaribu, ingawa ni kama kumwambia kiwete aache fimbo.

Sisikii. Nimeiandika na mkono haukukatika. Sikio la kushoto lilikwisha kabla sijatimiza miaka arobaini, la kulia likalifuata kwa utiifu. Kwenye simu napata mvumo tu. Baba yako mdogo alinipa simu, nikamsoma mdomoni kwamba ni wewe, nikaiweka sikioni nikawa nahesabu pumzi. Kila nikikisia umenyamaza, natia "ndiyo mama". Nikikisia umemaliza, natia "ubarikiwe". Nimezungumza hivyo na watu wengi miaka mingi, na wengine wamenisifu kwamba nina busara.

Ukumbi wenu wa sasa si ule wa kwetu. Kwetu mtu hakufunikwa uso. Mitambo mia mbili na themanini inapiga kwa pamoja, hakuna anayesikia hata jina lake, basi tukajifunza kusoma midomo. Mgeni analia wiki tatu za kwanza, mwezi wa pili anasengenya. Unafungua mdomo wazi bila kutoa sauti, na mwenzako aliye mitambo sita mbele anakujibu. Ule mgomo wa siku kumi na tisa tuliupanga wote namna hiyo, msimamizi kasimama katikati yetu anakagua nyuzi, anadhani tunapiga miayo. Bibi yako nilimtongoza hivyo. Alinikataa hivyo pia, mara nne, na ukumbi mzima ukasoma.

Kisha vumbi la pamba likaanza kutuua vifua, tukagoma tena, tukashinda, wakatugawia barakoa. Midomo ikafunikwa na maneno yetu yakafa. Ndiyo maana wewe huyajui. Huo ndio ushindi wangu mkubwa kuliko wote, na siujutii, kwa kuwa wewe kifua chako ni kizima.

Umeelewa sasa? Watu thelathini na saba tumefaulu mtihani wa masikio kwa macho. Hao wawili walioshindwa, nakuhakikishia, ni yule mwenye mtoto wa jicho na yule aliyesahau miwani. Nilipomwona yule kijana anafungua mdomo kwenye mwanga nilifurahi kama mtoto. Nikataka kumwonyesha kwamba bado nimo. Hayo ndiyo waliyonipa, mjukuu wangu: nafasi ya kujionyesha. Na wala sijui kama yule daktari hakulifikiria, au alilifikiria vizuri sana ndipo akatuketisha dirishani. Nikiwaza hilo la pili nasaga hayo meno matano.

Utauliza kwa nini nilificha. Mnajua kwamba siku aliyokufa, bibi yako alianguka bafuni mchana, nami nilikuwa nimetoka. Sikuwa nimetoka. Nilikuwa chumba cha pili, natengeneza mguu wa kiti. Aliyemsikia akiniita ni jirani wa ukuta wa pili. Akaja kugonga mlango, sikuusikia, akavunja dirisha akaingia. Bibi yako aliniita kwa muda gani, sijui. Jirani alijua. Alikuwa akinieleza, nami sikumtazama mdomoni.

Niliwaambia nilikuwa nimetoka kwa sababu mtu aliyetoka anasamehewa. Ukisema husikii, watu watahesabu siku, watafika kwenye siku ile.

Nimekaa na jambo hili peke yangu, na sasa naliona kwenye ubao wa langoni likicheka. Nilidhani masikio yale ni aibu yangu. Kumbe ni mali yao, wao ndio walioyala.

Tarehe 16 nakuja. Baba yako mdogo atanileta. Usimwambie mtu yeyote. Nunua daftari nene, kaa safu ya mbele, uandike kila neno litakalosemwa nyuma yangu, halafu uniletee. Mimi sitalisikia.

Babu yako


18 Aprili

Babu,

Shikamoo, na leo imetoka yenyewe.

Uliondoka na basi la saa nane hata hatukuagana vizuri, kwa hiyo nakutumia ulichoagiza. Uliingia, ukakitazama kiti cha shahidi, ukakigeuza, ukakaa ukitutazama sisi watazamaji. Wajumbe watatu wa baraza ukawapa kisogo. Haya ndiyo yaliyosemwa nyuma yako:

Mwenyekiti: "Mzee, tugeukie."
Mwenyekiti, kwa sauti: "Mzee!"
Mwanasheria wa kampuni: "Waheshimiwa, mnajionea wenyewe. Mtu huyu amezoea vurugu tangu ujana wake."
Daktari: "Anasikia huyu, mimi mwenyewe nilimpima. Mzee, umeamkaje?" (Wewe ulikuwa unajikuna goti.)
Mwenyekiti: "Usipogeuka utatolewa na askari."
Mwanasheria akapiga meza kwa faili. Karani aliruka kitini. Wewe ulipiga mwayo.
Mwanasheria: "Anaigiza! Huyu ni mwigizaji!" Akasogea karibu nyuma ya kiti chako, akapaza sauti: "Mzee, nyoka huyo, chini ya kiti!" Babu, safu ya mbele nzima tuliinua miguu. Hata mwenyekiti aliinua ya kwake. Wewe ulitutazama kama watu waliorukwa na akili.

Ndipo yule mjumbe mwanamke akamuuliza daktari: "Ulipompima, ulisimama wapi?" Daktari: "Mbele yake." Mjumbe: "Uliziba mdomo?" Daktari: "Kwa nini nizibe mdomo?" Mama yule akainuka, akazunguka, akaja kusimama mbele yako, akafungua mdomo bila sauti. Hakuna aliyejua kasema nini mpaka ulipojibu: "Hapana, mama, sisikii. Ila nakuona vizuri, na hereni moja imekudondoka." Ukumbi ulipasuka kwa kicheko. Aliiokota.

Jana uamuzi umebandikwa. Wastaafu wote mtapimwa upya, kwa mashine, na daktari asiye wa kampuni. Tangazo lenye picha yako limeondolewa langoni. Umeshinda, Babu.

Lakini soma na hii. "Madai ya wafumaji waliopo kazini yameondolewa kwa kukosa shahidi." Kukosa shahidi! Nilikuwa nimekaa pale tangu saa tatu hadi saa saba, mimi na wafumaji wenzangu sita, safu ya mbele, maelezo yetu yamo mkononi. Hawakutuita kabisa! Ulipomaliza wewe, nikainama kuandika nisisahau neno, mwenyekiti anateta na wenzake huku feni za darini zinavuma, na nilipoinua kichwa walikuwa wanakusanya mafaili. Hivyo tu. Nimewauliza wenzangu wote sita, hakuna aliyeitwa. Mwenyekiti kanunuliwa. Jumatatu tunaandika malalamiko kwamba amesema uongo, na tutasaini wote saba.

Bibi sijamtaja. Sijui nianzie wapi. Ila siku ile mimi ningekuwa chumba cha pili ningetengeneza kiti hichohicho.

Mjukuu wako


22 Aprili

Mjukuu wangu,

Msiandike hayo malalamiko. Kama mmekwisha kuyaandika, yachaneni. Keti kwanza.

Waliwaita.

Ngoja nikueleze, maana nami nilikuwepo na nina makosa yangu. Yule mama aliporudi kitini kwake mimi sikugeuza kiti. Nilikuwa nimejipenda pale, natazama watu wakicheka. Mara nikaona kule nyuma, karibu na mlango, midomo inacheza. Baba yako mdogo anasema "anaitwa". Mzee mmoja aliyekuwa karani wa posta anasema "unaitwa wewe". Mwanamke mwenye mtoto mgongoni ananyoosha kidole, "unaitwa, unaitwa". Mimi nikadhani ni mimi ninayeitwa. Nikajisemea, ala, bado hawajachoka? Nikakaza kisogo changu kwa raha, nikatabasamu. Na mbele yangu kabisa ulikuwepo wewe, umeinama, unaandika. Upande wako wa kulia yule binti mwembamba anatazama dirisha. Upande wa kushoto mwenzio anachokonoa kucha. Wafumaji saba, na hakuna aliyeinua uso. Nimewatazama nyote, nikaona kila kitu, nisielewe chochote.

Kwenye basi baba yako mdogo akanigeukia, akasema: "Mbona yule mtoto hakuitika? Amenunuliwa?" Nikamwambia rudia. Akarudia, polepole. Anasema mwenyekiti alisema wazi, "Mwakilishi wa wafumaji waliopo kazini aje mbele." Akasubiri. Akasema tena. Mara ya tatu alisimama, akasema kwa sauti ya mtu aliyekasirika. Feni zilikuwa zinavuma, ndiyo, lakini aliye mlangoni, safu ya kumi na moja, alisikia mara zote tatu. Nyinyi mlikuwa hatua nne kutoka mezani. Mwanasheria alipowapigia kelele za nyoka masikioni mliruka, ndiyo maana mkadhani mko wazima. Hayo mengine uliyapata kwa kuwatazama midomoni bila kujijua, na ulipoinama yakakatika. Mimi pia nilikuwa naruka nilipokuwa na umri wako.

Nilifumba macho mpaka tulipofika, na baba yako mdogo akadhani nimelala. Kisha nikachelewa siku sita kukuandikia. Barua yako ilipofika na kusema hawakuwaita kabisa, na kwamba wenzako wote sita wanasema hivyohivyo, nikajua siwezi kuchelewa zaidi.

Una miaka ishirini na sita! Umefuma miaka saba tu! Huyo mwembamba aliyekuwa akitazama dirisha hata ishirini na mbili hajafika. Nilidhani walichukua ya kwetu wakatosheka, kumbe walikuwa wanaendelea kula mbele ya macho yangu, saba kwa mpigo, siku ileile niliyokuwa nafurahia ushindi wangu. Nimeandika hadi hapa nimevunja kalamu moja. Hii ni ya mama mwenye nyumba, nayo siiamini.

Nakujua. Utasoma barua hii, utasimama, utamwomba mtu akuite kwa nyuma, na ukimsikia utasema babu anatia chumvi. Mwambie awashe feni kwanza. Mwambie asimame hatua nne, aseme kama anavyosema mtu wa kawaida. Na msimdanganye mwenzenu yeyote kwa kumhurumia. Mimi wenzangu wa ukumbini walinihurumia hivyo miaka ishirini.

Kisha nendeni barazani wote saba, na mchukueni mmoja asiyefuma, mwenye masikio mazima, awasemeshe na karani. Karani aliandika kila kitu siku ile, niliona mkono wake unavyokwenda. Mwombeni nakala ya ukurasa wa mwisho, yenye muhuri. Mtakuta pameandikwa: ameitwa mara ya kwanza, hakuitika, ameitwa mara ya pili, hakuitika, ameitwa mara ya tatu, hakuitika. Kampuni wanadhani mistari hiyo mitatu ndiyo iliyowaokoa. Ichukueni nakala hiyo, mkawaulize mbele ya watu ni ushahidi gani mwingine wanaoutaka.

Babu yako